Meza ya Salima kwenye Uwanja wa Mawe

Jumamosi, jioni. Kiangazi kimekaza, upepo wa ziwa umetupulizia vumbi tangu asubuhi, na mimi nina furaha hata mashavu yanauma kwa kutabasamu.

Nianze hivi: mdogo wangu Salima anauza sambusa Uingereza. Tena siyo mlangoni kwake. Anauza katikati ya mji mdogo, kwenye uwanja wa soko uliotandikwa mawe, wenye kanisa upande mmoja na nyumba za kale zilizoinama upande mwingine. Anasema watu wameuza pale tangu kabla ya babu za babu zao. Reli yetu ya Kalemie kwenda Kabalo, tunayoiita ya kizamani, pale ni mtoto mchanga.

Leo ilikuwa Jumamosi yake ya mwisho ya majaribio. Msimamizi wa soko alikuwa aamue jioni kama atapewa nafasi ya kudumu au afungashe. Lakini Mama hakuhofia sambusa. Tangu Salima amfuate mumewe kule, hajapata mtu mwingine wa kumwambia hata habari za asubuhi, na kwenye simu sauti yake ilizidi kufifia. Mama alisema akiikosa na hiyo meza, mtoto wake atanyauka.

Asubuhi Salima aliegemeza simu yake kwenye sanduku, nasi tukamtazama kutoka kwenye meza yangu ya vitenge hapa sokoni Kalemie. Mama kwenye kiti, mimi nyuma yake, na Mama Furaha, muuza ndagala wa meza ya pili, amewaachia nzi samaki wake. Alitazama kidogo, akauliza:

"Hii soko iko kimya vile, bamefiwa?"

Tulicheka. Kweli, wale watu wananunua kama wanaoungama.

Kando ya Salima kuna mzee anayeuza jibini. Majuma yote haya hajamwambia zaidi ya salamu. Leo akaondoka ghafla, bila neno, na papo hapo wateja wakasimama mbele ya meza yake ya jibini.

Mnaouza Kalemie mnajua kilichofuata. Kwetu jirani akiinuka, wewe ndiye mwenye meza. Unamuuzia, unamwekea chake, hata kama jana mlitukanana. Salima akainuka, akakata jibini, akapima kwenye mzani. Halafu, kwa mkono uleule aliofundishwa na Mama, akakata kipande kingine na kukiweka juu. Matabishi! Nyongeza ya mteja, bila kuombwa, tena ya mali isiyo yake.

Mama Furaha alipiga makofi. Mimi roho ilinishuka. Kwetu ni ujirani, lakini huko, kugusa meza ya mtu huenda ni wizi.

Mzee akarudi. Tulimwona amesimama na kikombe cha chai, uso umemwiva, anamtazama Salima mwenye kisu mkononi.

Mtandao ukakatika.

Sijui mchana huu nimeuza nini. Nilipiga simu na kupiga tena, mpaka Mama akaninyang'anya. Yeye mwenyewe aligoma kula. Mimi nilikwishamwona Salima amefukuzwa, amejifungia chumbani, na mji mzima unamwita mwizi.

Jioni alipiga mwenyewe, sauti iko juu hata Mama Furaha alisikia bila kusogea. Mzee alikuwa amemuuliza kwa nini amefanya vile, naye hakutafuta maneno ya kujipendekeza. Akanisimulia mimi, yaya wake, yaani mkubwa wake:

"Yaya, nilimuambia, kwetu jirani akitoka, meza yake njo meza yangu. Na muteja hatoki bila matabishi."

Mzee akanywa chai yake. Mwishowe akakiri kwamba miaka yote aliyouza pale amekuwa akibana mkojo mpaka soko lifungwe, na leo ndiyo alishindwa. Maskini! Uwanja mzima umejaa watu, na hana hata mmoja wa kumwachia meza.

Adhuhuri ilipoingia, mzee, aliyezoea kumwona Salima akifunika meza kwenda kuswali garini, akamfanyia ishara aende, meza ataiangalia yeye. Salima alipotoka garini baada ya swala, akakuta trei tupu. Mzee ameuza sambusa zote, na amemwongezea kila mteja moja juu, hata waliokataa. Msimamizi alipopita, mzee ndiye aliyewahi kusema: huyu abaki hapahapa, kando yangu. Nafasi amepewa.

Najivuna, na sitaki mtu aniambie nipunguze. Soko letu tumezoea kulisema vibaya, vumbi, tope, kelele. Lakini adabu yake imevuka maji yote hayo, imefika kwenye mawe ya kale ya watu wengine, na imepata kazi ya kufanya.

Mama hakuuliza habari ya nafasi. Aliuliza jina la mzee, akajaribu kulitamka, likamshinda. Akanirudishia simu.

"Basi, iko na jirani," alisema. "Leo nitalala."

Kisha akaomba ugali wake, akaumaliza wote.

Kesho ni Jumapili. Nitazunguka Kalemie nzima nikiwahadithia hata wasioniuliza.