Jotham Varney, Aliyefungiwa Nyuma ya Barafu

Mwaka umetimia, Jotham, tangu ghala la barafu la kule gatini lilipokuchukua, na mama yako bado hujisahau akakuwekea kikombe mezani.

Ulikuwa na huruma usiyojua kuisema. Ukitoka mtoni kukata barafu na kuivuta kwa farasi, hukugusa maharage yako kabla ya kuwasugua farasi miguu kwa gunia. Mkeo Keziah akilalamika kwamba chakula kinapoa, ulimjibu kwamba farasi hawana mke wa kuwalalamikia.

Kila barafu ilipoyeyuka uliapa kwamba huo ndio msimu wa mwisho, kwamba utatuhamishia bara tukalime viazi. Kisha mto Kennebec ukaganda tena, kazi nyingine hakuna, ukautungua ukutani msumeno wa kukatia barafu. Nasi tukakufungia chakula cha kwenda nacho.

Siku ile ulikuwa ukipanga mapande ya barafu pembeni mwa ghala, safu nzima ikateleza na kukubana ukutani. Kifua kilikuwa kimebanwa, lakini sauti yako ilipenya kwenye ufa. Mdogo wako Hosea aliona kwamba pande moja la chini likivutwa utatoka mara moja, ila safu iliyobaki ingemwangukia yeye na wenzake. Hata hivyo akatia mtaimbo.

"Hosea, ukiligusa hilo la chini, mama atazika wawili," ulimwambia. "Anzeni juu."

Wakaanza juu, pande baada ya pande. Keziah alipofika, alipiga magoti kwenye ule ufa.

"Nenda nyumbani, mke wangu, utaganda."

"Siendi."

"Haya. Basi niambie chochote."

Alikusimulia ya jikoni, ya majirani, ya kuku, mpaka ulipoacha kuitikia. Yalikuwa yamebaki mapande machache tu.

Kiangazi meli zikaja, zikaibeba barafu ile pamoja na nyingine kwenda miji ya kusini. Wako waliokunywa maji baridi wakamshukuru Mungu. Hatuwalaumu.

Msimu huu Hosea amerudi kwenye ghala lilelile. Tulitaka kumkataza, lakini tungekula nini? Kila jioni tunatega masikio, na hakuna anayevuta kiti mezani mpaka buti zake zisikike mlangoni.

Unakumbukwa na mkeo Keziah, mama yako Abiah, binti yako Lovina, na mdogo wako Hosea, aliyekutii.

Hatutakusahau maisha yetu yote.