Ufunguo Uliovikwa Foili

Wanangu,

Jirani aliniambia wezi siku hizi wananasa sauti ya ufunguo hewani, nikakosa usingizi. Nikauviringisha kichwa cha ufunguo wa gari kwa foili ya jikoni. Leo asubuhi gari likagoma, taa ya ufunguo inapepesa tu. ~~Mimi~~ Baba yenu akailaumu betri, akaenda kazini kwa miguu amenuna. Fundi akaja, akaibandua foili, gari likawaka. Akacheka: "Mama, humu mna kidude. Gari lisipokisikia, halimjui mtu."

Saa nane kamili mkamchukue Bibi hospitali, anawasubiri.

Msiuvike ufunguo kitu chochote.
Msiiguse betri, haina kosa.
Msimwambie baba yenu. ~~Nitamwambia mwenyewe.~~ Akiuliza, ilikuwa betri.

Mama