Okidi kwenye Kopo la Mtindi

Parkdale, Jumapili, Juni 2011

Hata kulirudisha ua hili porini haiwezekani. Mama aliikata mizizi kwa kijiko cha chakula, na okidi hii ya mwituni, yenye ua la njano mithili ya kiatu cha mtoto, haiishi nje ya udongo wake.

Miaka sita nimekuwa nikienda kulitazama kule kwenye kinamasi, kaskazini ya jiji. Sikumwonyesha mtu. Jana nikampeleka mama, aliyekuja kunitembelea huku ughaibuni kutoka Tanga. Nilirudi garini kuchukua maji, dakika tano tu! Akalichimba, akalificha ndani ya kanga, akalipakata njia nzima.

Leo asubuhi nimelikuta roshani, kwenye kopo la mtindi.

"Mwanangu, kitu unakipenda hivyo, unakiachaje porini?"

Nilitaka kufoka. Nikaziona kucha zake, bado zina matope. Nikasema asante.

Sasa majani yamelegea. Mama analimwagilia maji na kulibembeleza.

"Likifa usilie. Mwakani nikija tutachukua jingine."

Kule lilikuwa hilo moja tu. Nikaitikia, "Haya, mama."