Penseli Nyekundu ya Chumba cha Simu

Shikamoo, Mzee Ramadhani. Marahaba nitajiitikia mwenyewe, maana siku hizi hapa stesheni hakuna anayeniita mwanangu.

Penseli yako nyekundu wamempa Leokadia. Ndiyo, yule binti wa Sikonge uliyempokea juzijuzi tu, na mimi nimekaa nawe chumba cha simu tangu bendera yetu ipandishwe. Mkuu wa stesheni anasema jicho lake ni jepesi. Mimi nimebaki na bluu na kijani. Nina wivu, mzee. Nikimwona anaichonga kwa kisu chako, naiacha chai yangu ipoe.

Unakumbuka nilivyoanza? Karatasi inamiminika kutoka kwenye mashine ya simu za maandishi, habari za Kigoma, Mwanza na Dar zimefuatana bila kupumua, nami nikapaka nyekundu kila mstari ili nisipitwe na neno. Ukaiinua dirishani, ukacheka. "Hii kanga, mwanangu, siyo simu." Ndipo ukanipa kanuni. Bluu ni namba ya treni. Kijani ni mabehewa ya mahindi ya vijiji vipya. Nyekundu ni neno linalokuinua kitini, basi: reli imekatika, daraja limechukuliwa na maji. Miaka yote nimeishika. Leokadia hukuwahi kumcheka, na hilo nalo linaniuma.

Sasa nikwambie. Ulipokwenda Kigoma kumwona dada yako, simu ya kifo chako ilinikuta mimi kwenye mashine. Nikapaka bluu namba ya treni itakayokuleta. Jina lako nikaliacha, kwa kuwa kanuni haina rangi ya majina. Nikakaa naitazama ile karatasi. Leokadia akaja, akasoma, akachukua penseli yako mezani, akalipaka jina lako jekundu.

Nikataka kumwambia amekosea, nyekundu ni ya neno linalomwinua mtu kitini. Nilipofungua mdomo, nikakuta nimekwisha simama.

Kwa nini alijua yeye kabla yangu? Mimi ndiye mwanao.

Mungu akulaze pema, mzee wangu. Kuacha wivu sikuahidi, usije ukanidai. Ninaloahidi ni hili: penseli hiyo ikiisha, mpya nitamchongea mimi, kwa mkono wangu, hata kama nimenuna.

Ni mimi, Petro wako.