Rangi Niliyoipaka Injini

Jumatatu, 3 Juni 1996
Nimeipaka grisi kama kila Jumatatu. Injini ya mvuke imelala reli ya pembeni hapa Malampaka tangu dizeli zilipokuja. Nilikuwa mchochea moto wake miaka kumi na minne. Siku hizi kila kitu kinauzwa: jineri ya kuchambulia pamba, maghala, hata mizani ya ushirika. Injini nayo imo kwenye orodha ya vyuma chakavu. Nimeandika barua tatu mkoani kuomba isiuzwe. Kimya.

Jumatano, 5 Juni
Barua imekuja. Injini moja ibakizwe iwe kumbukumbu ya mkoa, na namba imetajwa. Ni hii. Afisa utamaduni anakuja Ijumaa kuihakiki. Nimenunua rangi ya kijani, nimeipaka juu hadi chini. Mke wangu anasema hata yeye sijawahi kumpamba hivyo. Kweli.

Ijumaa, 7 Juni
Mjinga mimi. Kibao cha shaba chenye namba kiliibwa zamani. Iliyobaki ilikuwa namba ya rangi nyeupe ubavuni, nami nimeifunika. Tukikwangua rangi mpya, namba nayo inatoka. Mnunuzi wa vyuma kutoka Mwanza alikuwepo na mitungi yake ya gesi ya kukatia. Akauliza tutajuaje kama ndiyo hii. Afisa akaisoma tena barua. Katupa mpaka kesho mchana tumwonyeshe namba.

Jumamosi, 8 Juni
Alfajiri nikakumbuka. Karakana ya Tabora walikuwa wakigonga namba kwenye chuma kirefu kinachounganisha magurudumu. Lakini vyuma hivyo vilikuwa vikihamishwa, cha injini hii kikafungwa kwenye ile. Kingeweza kuwa na namba ya nyingine. Mchana, mbele ya afisa na mnunuzi, niliogopa kukigusa. Mke wangu akachukua mafuta ya taa na gunzi la mahindi, akasugua mpaka chuma kikaonekana.

"Baba Masanja, njoo usome. Macho yangu hayafiki hapo."

Nilisoma mara mbili. Ndiyo yenyewe. Afisa akasaini. Nililia, na sioni haya kuandika. Mnunuzi akapakia mitungi yake, akanipa mkono. Si mtu mbaya.

Jumatatu, 10 Juni
Nimelala hadi jua limepanda. Mchana mke wangu kaja na michembe ya viazi vitamu na karanga, tukala ndani ya injini. Miaka yote hiyo hakuwahi kupanda. Akauliza nilikuwa nikisimama wapi. Nikamwonyesha. Akasimama hapo.