Maji ya Safari ya Stoyan

London, Januari 1999. Mwaka wa thelathini na tano nje ya Unguja.

Salma ndugu yangu, salamu nyingi kutoka kwenye baridi.

Jirani yangu Stoyan, Mbulgaria, alicheza wafalme jukwaani kwao. Hapa filamu zilimpa nafasi za mlevi asiyesema neno. Sasa jumba lake la maigizo limemwita tena. Leo alipokuwa akitoka, bintiye alimwaga maji kizingitini. Nikayapangusa upesi, asiteleze.

“Babu, umefuta safari yake!” binti akalia. “Kwetu maji humwagwa ili njia ya msafiri iwe nyepesi!”

Stoyan akacheka, akanipa jagi. “Basi mwaga wewe, mzee.”

Nikamwaga. Akayakanyaga, akageuka. “Na wewe, tukumwagie lini?”

Nikamwambia atachelewa ndege.

Nibusie wajukuu, Mungu akuweke. Mimi sitarudi.

Kaka yako, Nassor