Kilomita Saba Nilizompa Gaudensi

Jumamosi, Mbamba Bay. Mawingu tangu asubuhi, ziwa limechafuka, na goti langu la kushoto linauma kama kawaida yake.

Leo nimetangaza mbio za parokia. Miaka ishirini na sita nilitangaza redioni marathoni ya Dar es Salaam, mimi niliyeishia darasa la sita, wenye digrii wakinibebea nyaya. Leo nimepewa kipaza sauti kinachokoroma na meza iliyoazimwa mgahawani.

Acha niseme jambo lenyewe.

Mwaka mmoja kule Dar gari letu la matangazo lilizimika katikati ya mbio. Wakimbiaji wakatupotea. Redio hainyamazi, basi nikaendelea kutangaza nisichokiona. Na kwa kuwa ningeweza kumweka mbele yeyote nimtakaye, nikamweka Gaudensi, mkimbiaji wetu wa huku, kijiji cha Mpepai. Nikampa kilomita saba za kuongoza. Nikampa na mwendo wa swala, bure.

Wakati huo Gaudensi alikuwa amekaa kando ya barabara, kavua viatu, anakula mihogo.

Nyumbani walisikia. Aliporudi walimpokea kwa ngoma. Tangu siku hiyo yeye ni Mzee Aliyeongoza Dar, na kila anayekutana naye anamuuliza ilikuwaje akapitwa. Amezeeka hivyo.

Juzi alikuja kwangu.

"Kaka, kamati ya mbio inataka unitambulishe kwa zile kilomita zako. Wajukuu zangu watakuwepo. Nimechoka kuzibeba, zichukue."

Nikamwambia nikizichukua, watu watauliza mangapi mengine nilitunga.

"Kwani ni mangapi?"

Sikumjibu. Hata wewe, shajara, sijawahi kukujibu.

Basi leo nikashika kipaza sauti, nikayasema yote: gari, kilomita saba, mihogo. Sauti ilinitetemeka. Hewani haikuwahi kunifanyia hivyo hata siku moja.

Watu wakacheka mpaka wakashika mbavu. "Babu huyu na utani wake!" Gaudensi akasimama, akaapa kwamba ni kweli tupu, na kwamba mihogo yenyewe ilikuwa na pilipili. Ndiyo kwanza wakazidi.

Nimetania watu maisha yangu yote. Leo nimelipwa.

Ambaye hakucheka ni Skolastika, mke wa Gaudensi. Alimtazama mumewe kutoka juu hadi chini.

"Mimi nilijua," akasema. "Tangu unioe sijakuona ukikimbilia hata basi la Kitai."

Gaudensi akaangua kicheko. Namfahamu tangu ujana, na sikuwahi kumsikia akicheka habari ya Dar.

Yeye ameshatua mzigo wake. Mimi ninalo swali lake: ni mangapi?

Kesho nikitoka misa nitakaa na daftari, nianze kuyahesabu na mwaka wangu wa kwanza redioni.